Nenda Kaninunulie Maji

Koplo Neema, binti aliyerithi meza yangu kwenye dawati la jinsia, alinipigia simu wiki ile ile niliyostaafu. Nilidhani ananijulia hali. Kumbe alitaka kujua droo ya chini inafunguliwaje. Nikamwambia inapigwa teke upande wa kushoto, halafu inavutwa polepole kana kwamba umejutia lile teke. Akacheka, kisha akasema, "Mama, na mengine yote unayoyajua utatuachia lini?"

Basi naandika. Vyeo sitavitaja, na mshahara wa polisi hauna habari ya kujaza hata mstari mmoja. Nitaandika yale ambayo hamtayakuta kwenye semina.

Nilifika Kariakoo nikiwa msichana kutoka Lindi, viatu vya kazi vikinibana na kofia ikinipwaya. Walinipanga kaunta. Kalamu ya kaunta ilifungwa kwa uzi wa katani kwenye msumari, kwa sababu hata kituo cha polisi huibiwa kalamu. Siku yangu ya kwanza aliingia mwanamke, akasimama mbele yangu, akaanza kulia. Koplo niliyekuwa naye zamu aliuliza bila kunyanyua kichwa, "Umepigwa wapi?" Yule mwanamke akasema hajapigwa. "Sasa unalia nini? Nenda nyumbani mkaongee na mwenzio." Akaondoka.

Hilo ndilo lilikuwa swali la kwanza miaka hiyo, tena kwa vituo vyote nilivyowahi kusikia. Umepigwa wapi. Ukionyesha uvimbe unapewa fomu ya PF3 uende nayo hospitali, ukirudi nayo imejazwa una kesi. Ukiwa huna uvimbe una mambo ya ndani, na mambo ya ndani yanamalizwa ndani. Hakuna aliyeliona swali hilo kuwa baya. Lilikuwa linaokoa muda.

Aliyeniondoa kwenye swali hilo ni Sajenti Mbilinyi, ambaye kituo kizima tulimwita Mama Mbilinyi. Alikuwa mtu wa Njombe, mfupi, na ikifika Julai alisimama mlangoni kuwacheka watu wa Dar wanaovaa masweta. Kila Ijumaa asubuhi alipitia Feri kununua samaki, akawaweka chini ya meza kwenye mfuko, na ikifika saa nane mchana hakuna mtuhumiwa aliyetaka kukaa sana chumba kile. Dawati lilipoanzishwa alipewa yeye, na yeye akaniomba mimi. Tulipewa stoo ya baiskeli zilizokamatwa. Tulizitoa, tukafagia, akaleta pazia kutoka kwake, na kwa muda mrefu ukivuta kiti ghafla uliweza kusikia kengele ya baiskeli iliyobaki mahali fulani nyuma ya kabati.

Nalikumbuka dirisha la chumba kile kuliko ninavyokumbuka sebule yangu. Lilitazama barabara, na chini yake aliegesha mkokoteni mtu wa dawa za wadudu, mwenye kipaza sauti cha tangazo lililorekodiwa: panya, mende, kunguni, viroboto, kutwa nzima. Nimeandika maelezo ya watu waliovunjika mioyo huku kunguni wakitangazwa. Kuna mama mmoja alinyamaza katikati ya kilio, akasikiliza, akaniuliza kama dawa hiyo inafanya kazi kweli. Nikamwambia sijui. Alipotoka alinunua.

Mama Mbilinyi alinifundisha kupanga viti. Mlalamikaji asikae ameupa mlango mgongo, na wala usimkalishe mumewe mahali ambapo mke ataiona miguu yake, kwa kuwa wapo wanaume wanaozungumza na wake zao kwa kiatu. Lakini somo lake kubwa lilikuwa la maji.

Mke na mume wakiingia pamoja, yeye hakuuliza kitu. Aliwakaribisha, akafungua mkoba, akamnyooshea mke hela. "Mwanangu, nina kiu. Nenda kaninunulie maji hapo nje." Kisha akaangalia macho. Wengi walichukua hela wakaenda. Wengine walinuna, wakasema wao hawakuja kutumwa na polisi, na hao Mama Mbilinyi aliwapenda kuliko wote. "Huyu atapona," alikuwa akiniambia wakishatoka. "Huyu bado ana mdomo." Lakini walikuwepo wale ambao kabla hawajanyanyuka walimtazama mume, na wakabaki wanamtazama mpaka atikise kichwa kukubali. Mtu wa namna hiyo Mama Mbilinyi hakumruhusu aondoke kabla hajaongea naye peke yake, awe na uvimbe au asiwe nao.

Shida ni kwamba hakuna hakimu anayepokea macho kuwa kielelezo. Sheria zetu zinajua kupiga, zinajua kujeruhi, zinajua kutishia kuua. Mwanaume akimnyang'anya mkewe simu, akamkataza kanisa, akamgombanisha na dada zake mmoja baada ya mwingine, akachagua hata nguo atakayovaa, ukiyataja hayo mbele ya mwendesha mashtaka anakuuliza, "Kosa ni lipi hapo?" Kwenye semina walituambia kuna nchi zimeyakusanya yote hayo, zikayapa jina moja na adhabu yake jela. Tulipiga makofi, tukala chakula cha mchana, tukarudi kituoni kutafuta kipande kimoja kitakachoingia kwenye kifungu tulicho nacho.

Mama Mbilinyi alistaafu akarudi kwao Njombe, akaniachia pazia. Kesi ninayotaka kuwasimulia ilikuja baada ya yeye kuondoka, na mara nyingi nimetamani angeiona.

Ilikuwa Desemba, siku chache kabla ya Krismasi. Mnaifahamu Kariakoo ya siku hizo: Wachaga wamepanda kwao Kilimanjaro, nusu ya maduka ya jumla yamefungwa, na sisi wa Kusini tunatembea katikati ya barabara kana kwamba tumerithi mji. Aliingia Bi Chiku, mama wa Newala aliyeuza mchicha na nyanya kwenye kona ya mtaa wa jirani. Nilimfahamu kwa sababu ndiye aliyekuwa akiniwekea mihogo. Alikaa, akajifuta jasho kwa ncha ya khanga.

"Afande, kuna mtu nataka kuripoti, ila hajafanya kosa."

"Ana nini sasa?"

"Hana miguu."

Niliweka kalamu chini. "Hana miguu vipi, Bi Chiku?"

"Yule Mama Glory wa ghorofa ya tatu, mke wa yule bwana wa vyombo vya plastiki. Namuuzia mboga tangu mwaka jana. Anashusha ndoo kwa kamba, naweka mzigo, anavuta. Sura yake naijua, sauti naijua, mpaka vidole naweza kukuchorea. Miguu sijawahi kuiona hata siku moja. Hashuki."

Kushusha ndoo ni jambo la kawaida kwetu, ngazi ni ndefu na watu wavivu. Nilitaka kumwambia hivyo. Akaendelea.

"Jengo zima wameenda Moshi. Mumewe kaenda, mtoto kaenda. Na leo ndoo imeshuka."

Hapo nilisimama. Mchaga akienda kwao Krismasi bila mke, atahojiwa na ukoo mzima kuanzia stendi. Huyu alikuwa amekubali kuhojiwa ili mke abaki.

Nilimchukua mjumbe wa mtaa, mzee mmoja wa kofia iliyoshonwa kwa mkono, pamoja na konstebo mwenye mkasi wa kukatia vyuma, tukapanda. Bi Chiku akafuata nyuma akihema. Njiani mjumbe alikuwa akinitoa wasiwasi. "Yule mwanamke anapendwa, afande. Hata chumvi haendi kununua. Mume analeta kila kitu. Wake zetu wanatusema kwa ajili yake." Tulipofika juu tukakuta geti la nondo mbele ya mlango, na nje ya geti kufuli la kufungia ghala, kubwa kama ngumi yangu.

Mlango wa ndani ulikuwa wazi. Alisimama nyuma ya nondo, mwanamke wa miaka thelathini hivi, gauni safi, nywele zimesukwa vizuri. Aliniamkia shikamoo kwa adabu. Nilimwuliza jina. Akasema anaitwa Upendo.

"Mbona umefungiwa, Upendo?"

"Sijapigwa, afande," akanijibu.

Yule koplo wangu wa kaunta alikuwa amekufa zamani, na swali lake bado lilikuwa linajibiwa bila kuulizwa. Nilijisikia vibaya sana. Nikamwambia sijamuuliza kama amepigwa. Nikamuuliza moto ukiwaka humu ndani atatokea wapi. Akalitazama kufuli. Nikamwambia konstebo akate.

Kufuli likaanguka, geti likafunguka, na Upendo hakusogea. Alisimama pale pale mlangoni, vidole vya miguu vimeishia kwenye kizingiti. Nikamwambia karibu nje. Akasema, "Mniache tu mpaka Baba Glory arudi. Naomba mlifunge." Konstebo alinitazama. Mjumbe akasema taratibu, "Si nilikwambia, afande? Mwenyewe ameridhika."

Nilikaa kwenye ngazi. Nikasema la Mama Mbilinyi. Nikatoa hela mfukoni. "Mwanangu, nina kiu. Nenda kaninunulie maji hapo chini."

Mumewe alikuwa Kilimanjaro. Nilijiambia safari hii hana wa kumtazama. Lakini aligeuka, akatazama ndani, juu ya kabati la vyombo. Nikafuata macho yake. Palikuwa na kamera ndogo nyeupe, zile zinazouzwa hapo hapo mtaani kwetu, na taa yake ilikuwa inawaka. Kabla sijafungua mdomo, kamera ikaongea.

"Mama Glory, hao ni nani?"

Ilikuwa sauti tulivu, ya mtu mstaarabu. Nikajitambulisha.

"Shikamoo afande. Poleni na kazi. Kariakoo wezi wengi, mimi namfungia kwa usalama wake tu. Mama Glory, mbona wageni wamesimama? Wachemshie chai."

Upendo aligeuka kuelekea jikoni. Sikujua kwamba mtu anaweza kugeuka haraka vile.

"Sitaki chai," nikasema. "Nimemtuma maji ya dukani."

Kisha ile sauti ikasema, kwa upole ule ule, "Mama Glory. Glory yuko hapa na mimi. Anakusalimia."

Nimesikia vitisho vingi kazini, vya mapanga, vya tindikali, vya kuchomewa nyumba. Hakuna kilichonisisimua mwili kama salamu ile. Na ukiiandika kwenye jalada haina kosa lolote, ni baba anafikisha salamu za mtoto. Nikaelewa kwamba mtoto ndiye kufuli lenyewe. Lile tulilokata lilikuwa la akiba.

Aliyefanya la maana ni mjumbe. Mzee yule aliyekuwa akisema mwanamke anapendwa aliingia ndani bila kuombwa, akavua kofia yake, akaifunika ile kamera. Akabaki amesimama na upara wake, ameishika kofia kwa mkono, kana kwamba kamera ingeweza kuitupa. "Shuka, mwanangu," akamwambia. "Mtoto tutamfuata."

"Sina viatu," Upendo akasema. "Anavyo yeye."

Bi Chiku alikuwa ndiyo kwanza anamaliza ngazi. Alivua kandambili zake, akazisukuma kwa mguu mpaka kwenye kizingiti. "Vaa. Mimi nyayo zangu zishakomaa." Upendo akavaa. Bi Chiku akainama, akaangalia, akasema, "Kumbe unayo!" Tukacheka sote, hata mjumbe, hata Upendo mwenyewe, kicheko kilichomtoka kama kikohozi.

Alishuka ameshika ukuta, ngazi moja moja, kwenye kandambili zilizomzidi. Dukani alinunua maji, akasahau chenji, akarudi ameikumbatia chupa kwa mikono miwili. Yalikuwa ya moto, yameshinda juani. Niliyanywa yote nikiwa nimesimama barabarani, na machozi yalikuwa yananitoka, sioni haya kuwaambia.

Usiku huo Upendo alilala kwa dada yake anayeishi Tabata, ambaye walikuwa wamegombanishwa hata msiba wa mama yao wakaulia mbalimbali. Mjumbe alitimiza neno lake: alipiga simu mwenyewe kwa wakubwa wa ukoo. Baba Glory alikuwa amewaambia ndugu zake kwamba mkewe ana kifua, hawezi baridi ya mlimani. Walipoelezwa habari ya kufuli waliona aibu, wakamleta mtoto Dar wao wenyewe, na yeye wakaongozana naye.

Waliingia dawatini mwangu wakiwa watatu, Baba Glory na kaka zake wawili, wamevaa makoti. Upendo alikuwa ameketi nami, na Glory, waliyekuja naye, alikimbilia mapajani kwake. Kaka mkubwa alizungumza vizuri, kwa heshima. "Afande, mdogo wetu amekosea, tumemsema sana. Lakini haya ni mambo ya ndani. Tunaomba tuyamalize kifamilia, tuombe radhi, mke arudi kwake. Hajawahi kumnyanyulia mkono." Baba Glory aliinamisha kichwa kwa masikitiko. Nimeona wanawake wengi wakirudi nyumbani baada ya hotuba kama hiyo. Wengine niliwaona tena, wengine nilisikia habari zao tu. Sheria hainiruhusu kuwakataza.

Nikaufungua mkoba. "Upendo, nenda kaninunulie maji."

Aliacha kumchezea mtoto nywele. Akainua macho, akamtazama mumewe, moja kwa moja, muda mrefu. Dirishani kipaza sauti kikapita panya, kikapita mende, kikafika kunguni, na yeye bado anatazama. Baba Glory akatikisa kichwa kumruhusu. Hata tabasamu alitoa.

"Sijakuomba ruhusa," Upendo akamwambia. "Mwaka mzima umekaa unanitazama. Leo na mimi nimekutazama." Akanigeukia. "Sitaki suluhu, afande. Nataka kesi."

Kesi ilikwenda. Kwenye hati ya mashtaka tuliweka kosa moja tu, kumfungia mtu isivyo halali, maana hilo ndilo lililokuwa na kifungu. Ya simu, ya kanisa, ya dada, ya viatu, ya kamera, ya salamu za mtoto, yote yalikaa nje ya mlango wa mahakama. Wapangaji walikuja kushuhudia kwamba Baba Glory ni mume wa mfano. Mjumbe naye alipanda kizimbani, akasema alikuwa akisema hivyo hivyo mpaka siku aliyoisikia ile kamera. Hakimu alimtia Baba Glory hatiani. Adhabu ikawa faini, au kifungo akishindwa kulipa. Alilipa kabla wino wa mhuri haujakauka, akatoka akitengeneza kola.

Nilikasirika. Tulivuka na Upendo mpaka viwanja vya Mnazi Mmoja, tukakaa kwenye ukingo wa simenti, Glory akifukuza kunguru. Nikamwambia anisamehe, adhabu ile ilikuwa ya kufuli tu, haikugusa mengine. Akasema, "Afande, kumbe ni kosa."

"Nini?"

"Alichonifanyia. Mimi nilidhani ndiyo ndoa. Hakimu kasema mbele za watu kwamba ni kosa."

Neema na wenzako, hapo ndipo nilipoelewa adhabu ni ya nini. Jela ni nzuri, na ningefurahi kumwona akienda. Ila yupo mtu mwingine anayesubiri hukumu, amekaa benchi la nyuma na mtoto mapajani, na anachotaka kusikia ni jina la kile kitu. Siku wabunge watakapokipa kitu hicho chote jina lake, kuanzia simu mpaka viatu, niiteni hata kama natembea na mkongojo. Nitakuja kukaa benchi hilo la nyuma.

Siku yangu ya mwisho kazini mlinikatia keki, mkanivisha khanga, mkasema maneno mengi kuliko niliyostahili. Nilipotoka sikwenda nyumbani. Nilizunguka Kariakoo kwa miguu, mara ya kwanza bila sare na bila anayeniogopa. Mtu wa kunguni alinisalimia. Kona ya Bi Chiku siku hizi ina meza mbili, ya mboga, na pembeni yake ya vitenge na viatu vya kike, ambayo ni ya Upendo. Vile viatu anavipanga mbele kabisa, ncha zake zimeelekea barabarani.

Wateja walikuwa wamemzunguka. Jua lilikuwa kali, na sijui ni nini kilichonituma, nikatoa hela. "Upendo, mwanangu, nina kiu. Nenda kaninunulie maji."

Hakunyanyua hata uso. "Aa, afande, kanunue mwenyewe bwana. Huoni nina wateja?" Kisha akaongeza, huku akimpimia mtu kiatu, "Na mimi uniletee. Ya baridi."

Nikaenda kununua. Njia nzima nilikuwa nazungumza na Mama Mbilinyi peke yangu, nikimwambia, huyu amepona, huyu ana mdomo.